Mwaka Serikali Ilipomlinda Shangazi Tatu

Tulipotoka kumzika Shangazi Tatu mwezi uliopita kule Mtinko, vijana walikaa upande wa jua wakinywa chai, na sisi wazee tukakaa kivulini tukichambua majani ya mlenda. Mjukuu mmoja wa jirani, binti mwenye simu mbili na subira nusu, akaniuliza kwa sauti ya kutaka wote wasikie, "Bibi, eti ni kweli Bibi Tatu aliwahi kuwa na bodigadi?" Watu wakacheka, nami nikacheka, maana Tatu mwenyewe angecheka kutupita wote. Lakini kicheko kilipokwisha niliona bado wananitazama, wanangoja, na nilipozungusha macho uani nikagundua kwamba mtu aliyekuwapo mwaka ule nilikuwa nimebaki mimi peke yangu. Wengine wote tumeshawazika. Nikajibu kwa kifupi, kwa sababu msibani si mahali pa kutamba, lakini tangu nirudi nyumbani maneno hayajanipa raha. Basi nayaandika, na anayetaka kucheka acheke, ila asikilize kwanza.

Ilikuwa katika miaka ya mwisho mwisho ya Waingereza. Mimi nilikuwa msichana mkubwa, nimeshachumbiwa, nangoja mavuno yapite niolewe. Shangazi Tatu, dada yake baba, alikuwa amemkimbia mumewe aliyeitwa Ntandu. Habari za fimbo za Ntandu kila mtu alizijua, kwa sababu alizitaja mwenyewe kilabuni kama mtu anayetaja ng'ombe wake. Safari ile alimvunja mkono. Tatu akaufunga mkono kwa kipande cha kaniki, akatembea kwa miguu kutoka Mtinko mpaka bomani Singida, akaketi chini mbele ya ofisi ya Bwana Shauri, yule Mzungu mkuu wa wilaya, na matarishi walipomwambia arudi kesho akawaambia kesho atakuwa papo hapo alipoketi. Bwana Shauri alimwona. Akaamuru kesi ya talaka isikilizwe na baraza la mtemi, mbele ya wazee wetu wenyewe, na mpaka kesi itakapokwisha akae askari polisi kwa mwanamke huyu, asiguswe na mtu yeyote. Jambo kama hilo kwetu lilikuwa halijasikika. Askari tuliwajua kwa kuja kukamata watu. Askari wa kuja kumlinda mwanamke asichukuliwe na mumewe, tena mume aliyetoa ng'ombe, watu waliliona ni jambo la kusimuliana sokoni, na walilisimulia kweli.

Lazima nieleze habari ya ng'ombe, kwa sababu bila hiyo hakuna atakayeelewa ugumu wake. Kwetu mwanamke alikuwa huru siku ndugu zake waliporudisha mahari, si kabla. Aweza kuvunjwa mikono yote miwili, aweza kushinda kwa maneno mbele ya wazee, lakini kama ng'ombe hawajarudi yeye bado ni mke wa mtu. Na ng'ombe wa Tatu walikuwa wameshatumika zamani kumwolea baba yangu mdogo. Kuwarudisha kulimaanisha baba yangu atoe wengine kutoka zizini kwake, na baba hakutaka. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu aliyelipenda zizi lake na kuogopa kuchekwa. Kwa hiyo kila baraza lilipokaa, baba alisema ndugu bado wanazungumza, wazee wakasema basi zungumzeni, na kesi ikasogezwa mbele. Ntandu naye hakuwa na haraka. Alichotaka ni Tatu achoke, arudi mwenyewe, ili kilabuni apate jingine la kusimulia.

Mimi niliingia katika mambo hayo kwa amri ya baraza. Wazee walisema haifai askari, mwanamume mgeni, akae kwa mwanamke asiyekaa na mumewe bila mwanamke mwingine wa ukoo ndani ya nyumba. Baba akaambiwa atoe binti mmoja. Alinitoa kama mtu anayetoa kuku wa faini, hakunitazama usoni. Mama alinifungia mkeka na kibuyu cha maziwa ya mgando, akaninong'oneza kwa Kinyaturu, "Kaa na wifi yangu. Na macho yako uyatumie." Sikumwelewa siku ile.

Nyumba aliyokimbilia Tatu ilikuwa ya marehemu bibi, mama yake, na tangu bibi afariki haikuwa imekaliwa na mtu. Ilikuwa tembe ya vyumba viwili, ndefu lakini fupi kwa kimo, paa lake la udongo limelala bapa hata mbuzi walipanda wakitokea kwenye kichuguu cha nyuma. Ukiingia ulikuwa unainama, na ukishainuka ndani unangoja kidogo mpaka macho yazoee. Chumba cha kwanza kilikuwa na mafiga, jiwe la kusagia na mitungi. Cha pili tulilala mimi na Tatu, pamoja na mtama uliobaki na kuku waliokuwa wakitaga chini ya kitanda cha kamba. Palinuka moshi wa zamani, na ninakiri kwamba nilikipenda chumba kile kuliko vyumba vyote nilivyowahi kulala, hata hiki chenye umeme ninachoandikia. Tatu alisaga asubuhi kwa mkono mmoja, ule mwingine ukiwa bado umefungwa kifuani, na huku akisaga aliimba kwa sauti ya chini, na nilipomwambia niachie mimi alisema, "Jiwe hili lina mazoea na watu wa kwetu. Ngoja kwanza likujue."

Askari mwenyewe aliitwa Malogo, Mgogo wa Kintinku. Alikuwa mrefu, mweusi sana, mwenye masikio yaliyotobolewa yakatanuka kama ya wazee wa kwao, na juu ya masikio hayo kofia nyekundu ya serikali. Kaptura yake ya kaki aliifua kila ilipochafuka na kuinyoosha kwa kuilalia. Alikaa uani, chini ya kiambaza cha ghala la nafaka, na hapo ndipo alipolala pia. Ndani ya nyumba hakuingia. Hilo lilikuwa sharti la Tatu, alilomtamkia siku ya kwanza kabla hata hajatua mzigo wake: "Bwana Askari, karibu sana. Lakini mlango huu usiuvuke, na chakula kilichotoka kwenye mafiga yangu usile. Mume wangu anatafuta neno, na mimi sitampa." Malogo akaitikia, "Nimesikia, mama." Alimwita mama ingawa umri wao ulikaribiana. Unga wake uliokuja kutoka bomani ukawa unapikwa na jirani yetu wa mbele, Mama Yohana, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya mto, naye alimletea sahani uani hadharani, akiitangaza njiani, ili kila mpita njia ajue ugali ule umetoka wapi.

Nikikumbuka sasa naona jinsi maisha yale yalivyokuwa na vichekesho vyake. Sisi ndani tunakula ugali wa uwele na mlenda wenye karanga, harufu inatoka mlangoni, na yule mtu mkubwa anakaa nje na sahani ya Mama Yohana, ambaye, Mungu amrehemu, hakujua kupika. Siku moja Tatu alichungulia akamwona anavyomeza, akasema, "Huyu serikali imemwonea kuliko mimi." Tulicheka mpaka tukajifunika kanga mdomoni. Lakini hakulalamika hata siku moja. Alikula, akanawa, akasema ahsante, akageuza kigoda chake mgongo ukaelekea mlango na uso ukaelekea njia. Hivyo ndivyo alivyokaa daima, mgongo kwetu. Nilikuwa na umri wa kuamini kwamba mwanamume akimpa mwanamke mgongo anamdharau. Kwa Malogo nilijifunza kwamba kuna mgongo wa heshima, na nimekutana na wachache tu tangu siku hizo walioujua.

Waliokuja kujaribu amri ile walikuwa ndugu zake Ntandu. Walikuja mchana kweupe, kundi la wanaume wenye fimbo, Tatu akiwa anatwanga uani na mimi napepeta. Nilidondosha ungo. Tatu hakuacha kutwanga. Malogo aliinuka taratibu, kirungu chake kikiwa bado kinaning'inia kiunoni, akaenda kusimama penye mwanya wa uzio wa miiba ambapo mtu lazima apitie.

"Shikamooni wazee," akasema.

Walikuwa wamekuja kwa matusi, na mtu akikuamkia hivyo unafanyaje? Mkubwa wao akajikuta anasema marahaba.

"Habari za mifugo? Malisho kule yapoje?"

"Mifugo mizima. Wewe Mgogo, tumekuja kumchukua mke wetu."

"Wazee wangu, mimi habari za ng'ombe wenu sizijui," Malogo akasema, kwa Kiswahili chake cha polepole. "Nani kaoa, nani kalipa, sijui. Mimi nimeambiwa mama huyu asiguswe. Sasa kumgusa yeye mtaanza na mimi, na mimi nikianguka hapa nimeanguka na kofia hii. Atakuja mwenye kofia yake kuuliza. Mtamjibu nini?"

Walisimama. Mmoja alipiga fimbo chini, mwingine akatema mate, mwingine akasema maneno juu ya mama zake Malogo ambayo sitayaandika. Yeye aliwasikiliza mpaka wakamaliza, kama mtu anayengoja mvua ipite, kisha akawauliza kama watakunywa maji kabla ya kuondoka. Walipokwisha kupotea njiani ndipo nilipoona miguu yake ndani ya viatu vya katambuga inatetemeka. Tatu naye aliona. Aliweka mchi chini, akasema bila kumtazama, "Baba yako na mama yako walikulea." Kwetu hiyo ni sifa kubwa, na sikumsikia akimpa mwanamume mwingine.

Kisha ikaja mvua. Wasiokaa tembe hawajui mvua ni nini kwa paa la udongo. Udongo ukishachoka unakatika mahali, maji yanapata njia, na njia hiyo kesho ni kubwa kuliko ya leo. Paa la bibi lilikuwa halijaongezwa udongo tangu afariki. Tuliweka mitungi, tukaweka vyungu, tukaweka sufuria ya kuazima, tukahama na mkeka kutoka pembe hii kwenda ile, mtama ukaanza kuota ndani ya nyumba. Boriti ya katikati ikapinda. Ndipo Tatu akanituma kwa baba. "Mwambie kaka yangu simwombi ng'ombe. Namwomba aje na jembe siku moja tu."

Hapa nieleze desturi nyingine. Kwetu kupanda paa la mwanamke ni kazi ya mumewe. Kama hana mume, ni kazi ya kaka yake au ya mwanawe. Mwanamume mwingine yeyote akionekana juu ya paa lake na jembe, amejitangaza, hahitaji kusema neno. Kuna wanaume waliooa hivyo, na kuna waliotozwa ng'ombe wa ugoni kwa hilo tu. Kila mtoto wa kwetu alijua. Kwa hiyo Tatu alimtuma mtu kwa kaka yake, kama alivyopaswa.

Nilifika nyumbani nimelowa. Baba alikuwa chumbani na baba mdogo, wanaota moto, na kabla sijabisha nikawasikia. Baba mdogo alikuwa anasema nyumba ya mama inavuja, watu wanasema. Baba akajibu, "Mwache anyeshewe. Mvua itamrudisha kwa mumewe, na ng'ombe watabaki zizini." Akasema kwa sauti ya kawaida, sauti ile ile aliyoitumia kuniuliza kama nimekula. Niliingia, nikaamkia, nikatoa ujumbe. Baba akasema atakuja akipata nafasi. Nilirudi kwenye mvua ile ile nikilia kwa hasira, na nilipofika nikamwambia Tatu kila neno. Alimwaga maji ya chungu kimoja nje, akakirudisha chini ya tone lake. Nilitamani amlaani kaka yake, ili nijue namna ya kumchukia baba yangu pamoja naye. Lakini alininyima raha hiyo.

Asubuhi iliyofuata mvua ilikatika, jua likawaka, na ilikuwa siku ya mnada. Mimi na Tatu tulikuwa kisimani. Tuliporudi tulimkuta Malogo juu ya paa. Alikuwa amevua shati la serikali akalikunja vizuri juu ya kigoda na kofia juu yake, na yeye mwenyewe amesimama huko juu, matope mpaka magotini, akimwaga udongo uliochanganywa na majivu na kuushindilia kwa miguu, na kule njiani watu wote wa mnadani, wenye mbuzi na wenye kuku na wasio na kitu, walikuwa wamesimama wanamtazama.

Mama Yohana ndiye aliyefika wa kwanza, mbio, kanga mkononi. "Shuka! Mteremsheni huyo! Jamani, ametuua!"

Malogo alitazama chini akashangaa. "Nimekosa nini? Boriti ilikuwa inaanguka. Wangelala wapi?"

Tatu alitua mtungi. Alimweleza kwa upole, neno kwa neno, maana ya alichokifanya. Nilimwona yule mtu mrefu akipungua huko juu. "Mama," akasema, "sisi Kintinku nyumba zetu ni hizi hizi. Tembe hizi hizi. Kwetu ukiona paa la jirani linavuja ukapita, wewe ndiye unayesemwa." Hapo ndipo lilipokuwa kosa lake. Kama angetoka pwani, ambako wanaezeka makuti, angeuliza. Lakini aliona paa la kwao, akadhani na sheria yake ni ya kwao. Akataka kushuka. Tatu akamwangalia, akaangalia watu njiani, akaangalia udongo uliobaki uani. "Nusu au yote, wameshaona," akasema. "Maliza."

Ntandu hakuchelewa. Kabla ya wiki kwisha alikwenda barazani, akasema mke wake ameolewa na askari, askari amepanda paa, mashahidi ni mnada mzima, na anaomba amri ivunjwe, mke arudishwe kwake, na Mgogo apelekwe bomani akavuliwe kofia. Tarehe ikapangwa. Safari hii hakuna aliyesema ndugu wazungumze. Kila mtu alielewa kwamba baraza hilo ndilo la mwisho, na kwamba Tatu akishindwa angeondoka pale amefuatana na mwanamume aliyemvunja mkono.

Mama Yohana alikuja na shauri: tuseme ni mimi niliyepanda, na Malogo alikuwa ananipokeza udongo tu. Alikuwa amelipanga vizuri, hata mashahidi wa kuazima alikuwa nao. Malogo, mgongo kwetu, alisema kwa sauti ya chini kwamba yeye ataomba aondolewe, aje askari mwingine, labda wazee watalegea. Tatu aliwasikiliza wote wawili huku akichambua choroko. "Mimi nilikwenda bomani na ukweli wa mkono wangu," akasema. "Sitakwenda barazani na uongo wa paa." Kisha akanigeukia mimi. "Na wewe, Mariamu. Watakuita. Unaweza kuyasema uliyoyasikia kwa baba yako, mbele ya baba yako?" Niliomba nifikirie. Akasema fikiria. Hakuniuliza tena. Nilikuwa binti wa kuolewa. Binti anayemwaibisha baba yake barazani nani atamchukua? Na nisiposema, ni nani mwingine aliyesikia?

Baraza lilikaa chini ya paa la bati, mtemi kwenye kiti, wazee kwenye mabenchi, sisi wengine chini. Ntandu alisema vizuri. Alikuwa na ulimi, huwezi kumnyima. Alipomaliza mtemi akamwuliza Tatu, "Askari alipanda paa lako, hakupanda?"

"Alipanda."

Watu wakaguna. Ntandu akatabasamu.

"Kwa nini?"

"Lilikuwa linavuja, Mtemi. Yeye ni mgeni, hajui desturi yetu, aliona maji akaona na jembe. Mimi najua desturi. Kwa hiyo kwanza nilituma mtu kwa kaka yangu. Mniulize nilimtuma nani, na alirudi na jibu gani."

Mtemi akauliza. Tatu akanitaja. Nilisimama. Baba alikuwa amekaa kwenye benchi la upande, fimbo yake katikati ya magoti, nami nilimwona vizuri kuliko nilivyotaka. Mtemi akasema, "Binti, ulipofika kwa baba yako alisemaje?" Nilisema, "Aliniambia atakuja akipata nafasi." Ningeweza kukaa hapo, na isingekuwa uongo. Tatu hakunitazama hata kidogo, alitazama mikono yake. Nadhani kama angenitazama nisingesema, kwa kiburi tu cha ujana. Nikasema, "Lakini kabla sijaingia nilimsikia akimwambia baba mdogo: mwache anyeshewe, mvua itamrudisha kwa mumewe, na ng'ombe watabaki zizini."

Ndipo Tatu akasema, si kwa sauti kubwa, "Nina kaka wawili, Mtemi. Kila mmoja ana jembe, kila mmoja ana mke anayelala pakavu, na mmoja mke wake alitoka kwenye ng'ombe wangu. Mnauliza kwa nini Mgogo alipanda paa la mama yetu. Waulizeni watoto wa mama yetu kwa nini hawakupanda."

Wazee hawakuuliza. Waligeuka tu, benchi zima, wakamtazama baba. Nilijua baba yangu anaogopa kuchekwa. Sikujua kuna kitu anachokiogopa zaidi. Kisha akaegemea fimbo yake, akasimama, akasema, "Binti hajasema uongo. Ndivyo nilivyosema." Akamgeukia mtemi. "Kesho alfajiri ng'ombe wa Ntandu watatoka zizini kwangu. Na hilo paa, kama lina sehemu iliyobaki, nitakwenda mimi." Nimeishi na watu wengi wakubwa, nimeona mawaziri wakihutubia, na bado sijaona tendo la kiume kupita lile la baba yangu kusimama mbele ya wale aliowaogopa akakubali maneno yake. Siku ile nilimchukia na kumpenda ndani ya pumzi moja, na kupenda ndiko kulikobaki.

Kesho yake ng'ombe walitoka, baraza likakaa tena, karani akaandika, mtemi akatamka kwamba ndoa imekwisha na madai ya ugoni yametupwa, kwa sababu mtu hawezi kuiba paa lililotupwa na wenyewe. Watu walipenda maneno hayo. Watu hao hao walingoja Malogo amwoe Tatu, wakangoja miaka, wakachoka. Yeye alikuwa na mke Kintinku na watoto, na Tatu alisema alishamaliza habari za waume, anataka kulima. Akalima. Alizeekea nyumba ile ile, na mimi nikaolewa mwaka ule ule na mtu aliyesema alimtaka binti aliyesimama barazani, ambaye aliniudhi kwa mambo mengi lakini hakuninyanyulia mkono hata mara moja.

Ila mtu akiniuliza kama yule binti wa simu mbili, namna Tatu alivyolindwa, linalonijia kwanza si baraza. Nakumbuka tulipotoka pale siku ile ng'ombe waliporudishwa. Malogo alikuwa amesimama nje na mzigo wake, amri yake imekwisha, anangoja lori la kumrudisha bomani. Aliona njia tunayoielekea, ile fupi inayopita mbele ya uzio wa Ntandu, ambayo tangu kesi ianze hatukuwahi kuikanyaga. Akasema, "Mama, nikusindikize hii ya mwisho?"

"Hapana, baba. Ukinisindikiza leo watasema bado naogopa."

"Na huogopi?"

"Naogopa sana," akasema Tatu. "Kwa hiyo wacha niende."

Akampa mkono wa kuagana, ule uliovunjwa, mbele ya watu wote, akanishika mimi kwa ule mwingine, tukashika njia. Kiganja chake kilikuwa baridi kama jiwe la kisimani. Ntandu alikuwa ameshatutangulia, amekaa mbele ya uzio wake na ndugu zake, fimbo zao ziko pale pale, na nyuma yetu hapakuwa na kofia nyekundu wala serikali. Nilitaka tuharakishe. Yeye alipunguza mwendo. Alipofika sawasawa nao alisimama kabisa, akawageukia, akawasalimu kwa Kinyaturu kama jirani anavyosalimu majirani, na akangoja. Alingoja mpaka Ntandu, kwa sababu watu walikuwa wanatazama na kwa sababu hata yeye alizaliwa na mama, akaitikia. Ndipo Tatu akaniambia twende, tukapike, jua linakwenda.